Kaisari Ameshika Hatamu

Tarehe 31 Desemba wenzangu wanasubiri mwaka mpya, mimi nasubiri salamu za somo wangu, Mtakatifu Silvesta, ambaye nilibatizwa kwa jina lake na sikukuu yake ni siku hiyo. Safari hii ya kwanza ilitoka kwa mtoto wa kaka yangu, yuko kidato cha pili na ana ujuaji wote wa kidato cha pili: "Heri ya somo, ba'mdogo. Kwani huyo Silvesta alifanya nini?" Nikaandika jibu, nikafuta. Nikaandika jingine, nikafuta na hilo.

Tatizo ni kwamba mambo aliyoyafanya Silvesta kweli ni machache mno kujaza ujumbe wa simu. Alikuwa askofu wa Roma tangu mwaka 314 hadi alipofariki mwaka 335. Mtaguso wa Nisea wa mwaka 325, mkutano mkuu wa maaskofu uliotuachia mizizi ya sala ya Nasadiki, hakwenda. Alituma mapadre wawili. Ila mambo aliyosingiziwa kuyafanya ni makubwa sana, na hayo nimeyaona kwa macho yangu.

Ni mwaka ule nilipokaa Roma. Padre mmoja wa Bukavu, Kongo, rafiki yangu, alikuwa anasomea historia ya Kanisa, na siku alipogundua jina langu la ubatizo alicheka mpaka akavua miwani. "Njo Silvestre mwenyewe! Bon. Nitakupeleka umuone somo wako."

Tukapanda kilima cha Celio, tukafika kanisa la Santi Quattro Coronati. Kwa nje ungedhani ni ngome, kuta nene na mnara mfupi uliojishindilia juu ya lango. Ndani wanaishi masista Waagustino. Tukapiga kengele, sista akatuchungulia, tukatoa kitu kidogo, tukafunguliwa kikanisa cha Mtakatifu Silvesta. Kidogo kweli. Watu thelathini wangebanana.

Ukutani hadithi inaanza na kaisari mgonjwa. Konstantino amekaa, uso umejaa madoadoa ya ukoma, na mbele yake wamesimama akina mama na watoto wao, kwa sababu waganga wake wamemwambia aoge damu ya watoto atapona. Anakataa. Usiku Petro na Paulo wanamtokea ndotoni. Wajumbe wanapanda farasi kwenda mlima Soratte, alikojificha Silvesta. Silvesta anashuka na picha ya mitume wale wawili, kaisari anawatambua, anabatizwa, madoa yanaisha.

Hapo nilikuwa nafuata kwa raha, kama mtu anayesimuliwa habari za babu yake. Kisha nikafika kwenye picha ambayo sijaisahau. Silvesta ameketi. Kaisari yuko mbele yake anamkabidhi tiara, ile kofia ndefu ya kipapa. Na inayofuata: Silvesta yuko juu ya farasi mweupe, tiara kichwani, na aliye chini kwa miguu, ameshika hatamu anamwongoza farasi, ni kaisari wa Roma. Taji anayo bado, lakini kazi anayofanya ni ya mtumwa wa zizini. Nilisimama pale muda mrefu. Nilimtazama usoni nikitafuta kama mchoraji amempa aibu kidogo, au hasira. Hakuna. Ametulia kabisa, anatembea. Silvesta naye hamtazami. Na mimi, niseme ukweli, nilivimba kichwa. Somo wangu! Kule kwetu niliitwa Silvesta kwa sababu nilizaliwa tarehe 31 na paroko akafungua kalenda, basi.

Padre aliniacha nivimbe kwanza. Kisha akaanza kunipasua taratibu.

Konstantino alibatizwa mwaka 337, akiwa mahututi, karibu na Nikomedia, na aliyembatiza ni Eusebio askofu wa huko. Silvesta alikuwa na mwaka wa pili kaburini. Ukoma haukuwepo. Na ile karatasi, hati inayosema kaisari alimwachia Silvesta na waandamizi wake jumba la Laterano, mji wa Roma, Italia na nchi zote za magharibi, kisha akamshikia farasi hatamu, ilitungwa katika karne ya 8. Mwaka 1440 Lorenzo Valla, msomi Mwitalia wa Kilatini, aliichambua mstari kwa mstari. Kati ya mambo aliyoyakamata ni kwamba inaizungumzia Konstantinopoli (Istanbul ya leo) kama kiti cha patriarki wakati mji wenyewe ulikuwa haujajengwa.

Nikasema basi ni hati ya kughushi. Mtanzania ukimtajia hati ya kughushi, picha inamjia yenyewe: kiwanja chenye wenye nyumba wawili, mihuri miwili, na mzee mmoja analia kwenye baraza la ardhi. Padre akatikisa kichwa.

"Ule mutu aliandika hiyi karatasi hakukuwa mwizi wa shamba, ndugu yangu. Alikuwa anaishi mule zamani."

Na hapa ndipo nilipomsikiliza kweli. Makaisari walizidi kuwa mbali, mwisho wakabaki wa Konstantinopoli tu, na Roma ilikuwa na njaa na maadui. Mwaka 452 Attila, mfalme wa Wahunni, aliposhuka Italia, waliokwenda kuzungumza naye walikuwa maofisa wawili na Papa Leo. Gregori Mkuu, aliyeanza upapa mwaka 590, alikuta mji una tauni, akawa ndiye anayefuatilia ngano ya mashamba ya Kanisa kule Sicilia na anayewalipa Walombardi, watu wa Kijerumani waliokuwa wameteka sehemu kubwa ya Italia, wasiuvamie mji. Anayekulisha na kukulinda unamwitaje? Mwaka 751 Walombardi wakaichukua Ravenna, alikokaa mwakilishi wa kaisari. Papa Stefano II akavuka milima ya Alps wakati wa baridi kwenda kuomba msaada kwa Pepin, mfalme wa Wafaranki. Wakakutana Ponthion, Ufaransa ya leo, tarehe 6 Januari 754.

Padre aliifurahia hii kuliko zote. Waandishi wa Roma wanasema Pepin alitembea kando ya farasi wa Papa kama mtumishi wa zizi. Kuna waandishi wa upande wa Wafaranki wanaosema Papa ndiye aliyejitupa chini mbele ya mfalme, na magunia na majivu. Chagua! Linalojulikana ni kwamba Pepin alipigana, na mwaka 756 akampa Papa miji aliyoiteka. Hapo ndipo lilipoanzia dola la Papa, lililodumu hadi mwaka 1870. Ardhi ilitoka kwa Pepin, jina lililowekwa kwenye hati ni la Konstantino, na somo wangu akaandikwa mpokeaji bila kuulizwa.

Nikauliza picha zenyewe ni za lini. Za miaka ya 1240, akasema, na akanionyesha kwa kidole kaisari aliyeshika hatamu. Wakati rangi ile inapakwa, Papa Inosenti IV hakuwepo Roma. Alikuwa amemkimbia kaisari Frederick II, yuko Lyon, na kule mwaka 1245 alitangaza kumvua ukaisari. Frederick hakukubali kuvuliwa. Kwa hiyo yule kaisari mpole niliyemtazama muda wote ule alichorwa na watu ambao kaisari wao hakushika hatamu ya mtu.

Kabla hatujatoka Padre alipiga magoti mbele ya ukuta ule ule, akasali. Mimi nilibaki nimesimama. Tulipofika nje nikamuuliza anasalije mbele ya uongo aliotoka kunifafanulia yeye mwenyewe.

"Nimesali kwa Silvestre. Ile karatasi sikuisalia."

Nikamwambia mle ndani huwezi kuwatenganisha. Silvesta asiye na karatasi ukutani hayumo. Akafikiri kidogo, akasema ana njaa, na kwamba ubishi wa aina hiyo haufai kabla ya kula. Tukala, tukazungumza mpira. Siku hizi ni paroko huko kwao na ana mizigo mikubwa zaidi ya kubeba, sijapata kumkumbusha. Lakini naona bado ananidai nimuelewe, na mimi namdai jibu.