Baiskeli ya Mama wa Watu

Jumapili, saa nne usiku. Umeme umekatika tangu magharibi, na mvua ya Songea haina habari kwamba Aprili inaisha. Naandikia kwenye simu, chaji imebaki asilimia 31, kwa hiyo nikizunguka sana nitaishia njiani.

Alhamisi iliyopita nilikaa kwenye kikao ambacho sanduku halikufunguliwa. Kwa asiyejua kazi yangu: mimi ni mwezeshaji wa vikundi vya hisa vijijini, na wanakikundi wananiita mwalimu ingawa chaki sijashika. Kikundi kina sanduku la chuma lenye makufuli matatu. Funguo wanazo watu watatu tofauti, ili asitokee mjanja akalifungua peke yake usiku. Kila wiki watu wananunua hisa; kwenye kikundi hiki hisa moja ni shilingi 2,000, na mwisho ni hisa tano. Anayetaka anakopa hadi mara tatu ya hisa zake, anarejesha na riba ndogo ndani ya miezi mitatu, na mwisho wa mwaka wanagawana kilichopatikana. Pembeni kuna mfuko wa jamii, kila mtu 500 kwa wiki, kwa ajili ya ugonjwa na msiba. Mtindo huu ulianza na akina mama wa Maradi, kule Niger, mwaka 1991, ukasambaa Afrika nzima kwa sababu unaeleweka hata kwa asiyejua kusoma. Nimeona watoto wakisomeshwa kwa sanduku hili na nyumba zikiezekwa bati. Sanduku halina kosa.

Mwezi Machi, kwenye kikundi hiki cha upande wa Peramiho, mama mmoja hakuonekana vikao vitatu mfululizo. Katibu akiita jina lake, watu wanajibu "hayupo", faini ya 500 inaandikwa, wanaendelea. Alikuwa amekopa 180,000 mwezi Desemba, fedha ya mbolea, na muda wa kurejesha ulikuwa umepita. Hapa niseme kitu ambacho nilipaswa kukiona miaka mingi iliyopita. Machi kwetu mahindi bado yako shambani, mabichi, na ghala limebaki na vumbi. Mkopo wa mbolea unaodaiwa Machi umepangwa na mtu asiyelima. Ratiba ile niliipeleka mimi, nimeinakili kutoka kwenye kitini cha mafunzo.

Maneno yakaanza. Kahamia Mtwara. Kafuata mwanaume. Mwaka juzi wawili walitoroka na fedha za watu, kwa hiyo hofu ilikuwa na chanzo chake. Mwenyekiti akanigeukia: "Mwalimu, tufanyeje?" Nikamjibu, "Katiba yenu inasemaje?" Wakasoma kifungu: mdaiwa akipitisha wiki mbili, kamati inachukua mali. Nikasema, basi fuateni katiba. Nikavaa helmeti. Saa nane nilikuwa na kikundi kingine, kilomita kumi na nane mbele, na barabara yote tope.

Walikwenda. Mlango wake ulikuwa na kufuli, ila baiskeli yake ilikuwa kwa shemeji yake, Phoenix nyeusi yenye kiti cha nyuma alichokifunga kwa mpira wa tairi ili mtoto asiteleze. Shemeji aliitoa kwa aibu, bila kubishana. Iliuzwa 110,000, na deni lililobaki likakatwa kwenye hisa zake. Robo mwaka ile niliandika marejesho asilimia 100. Ofisini nilitumiwa dole gumba kwenye WhatsApp.

Alirudi baada ya siku tisa. Alikuwa Namtumbo akimuuguza mama yake, na mama akafariki mikononi mwake. Simu iliisha chaji, kisha akaiuza ili apate nauli ya kumrudisha mtoto. Wiki ileile kikundi kilipobeba baiskeli, yeye alikuwa anazika. Na mfuko wa jamii, ule wa 500 kila wiki ambao yeye mwenyewe alikuwa anauchangia, ulikuwa na shilingi 412,000 zimekaa ndani ya sanduku. Katiba ileile, ukurasa unaofuata, inasema mwanachama akifiwa na mzazi anapewa laki moja.

Nilipopata habari nilikwenda nyumbani kwake. Hakufungua. Jirani yake, bibi wa miaka kama themanini hivi, alikuwa barazani anapukuchua mahindi ya mbegu. Nikampa shikamoo. Aliitikia marahaba, akaendelea kupukuchua kwa muda mrefu, punje zinadondoka kwenye ungo. Baadaye akasema, "Mimi nilijua yuko kwa mama yake. Walipokuja wale wenzako nilikuwa nimekaa hapahapa." Nikamuuliza kwa nini hakuwaambia. "Waliniuliza nani, mwanangu? Walikuja kuchukua."

Nimelala na neno hilo wiki tatu.

Nilipoanza kazi hii, miaka kumi na moja iliyopita, nilikuwa na vikundi vinne. Nililala kijijini. Nilijua nani ana mtoto mwenye kifafa, nani hapatani na mama mkwe wake, mzee gani akiwa kimya ujue amekasirika. Sasa nina vikundi thelathini na nne, pikipiki, na kishikwambi chenye fomu. Nakaa dakika arobaini kila kikundi. Fomu inataka mahudhurio, hisa, mikopo, marejesho; nikiijaza yote, kazi imekwisha. Watu wenyewe kwenye ripoti tunawaita walengwa. Nimeliandika neno hilo mamia ya mara bila kusikia kwamba kinacholengwa mara nyingi hupigwa.

Na siseme nilisukumwa tu na ofisi. Ilinifaa. Kuhesabu hakuumizi. Ukikaa na mtu akakueleza habari za nyumba yake, unaondoka umebeba kitu ambacho hakina mahali pa kukipeleka. Nilichoka kubeba, nikaanza kuhesabu.

Mwaka jana tuliletewa semina hotelini mjini kuhusu kuweka roho katika kazi ya maendeleo. Mkufunzi mpole, kutoka mbali, alituambia tufumbe macho, tuvute pumzi, tumtafute mtoto aliye ndani yetu. Mwenzangu wa Mbinga akaninong'oneza kwamba mtoto wake aliye ndani anauliza posho inatoka saa ngapi. Nilicheka mpaka machozi, na semina nzima nikaitupa kapuni pamoja na kicheko. Nadhani nilikosea, ingawa ile pumzi bado siielewi.

Labda tatizo ni kwamba neno roho sisi tunalo tayari, na si neno la kufumbia macho. Mtu ana roho nzuri, tunaliona kwenye namna anavyogawa nyama. Mtu ana roho ya kwanini, tunaliona jirani yake anapopaua nyumba. Kwa Kiswahili roho ya mtu inaonekana pale anapokutana na mwenzake. Vikao vyetu vyote vinaanza kwa sala, Mkatoliki wiki hii, Mwislamu wiki ijayo, na hakuna aliyewahi kukataa. Siku ile ya katiba sala ilisaliwa vizuri kabisa. Ilimtaja Mungu awalinde wagonjwa.

Mzee mmoja anayeshika ufunguo wa pili ndiye aliyenishtua zaidi. Baba yake alikuwa mmoja wa watu wa Litowa. Vijana wengi wa sasa hawalijui jina hilo, hata hapahapa Songea. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, kabla ya Azimio la Arusha la 1967, vijana wa TANU waliingia porini Litowa kulima pamoja kwa hiari yao, na jambo lile likazaa umoja wa vijiji zaidi ya kumi uliojulikana kama RDA, yaani Ruvuma Development Association. Walikuwa na shule yao na mashine ya kusaga. Mwalimu Nyerere aliusifu. Septemba 1969 Kamati Kuu ya TANU ikauvunja. Watu waliojiamulia mambo yao wenyewe walikuwa wanawakera wakubwa wengi.

Nilimuuliza mzee anakumbuka nini zaidi. Nilitegemea aseme mashine. Akasema, "Mikutano. Walikuwa wanaongea, wanaongea! Sisi watoto tunalala njaa inatuuma, wao wanaongea. Baba alisema shamba lisiloongelewa linaota magugu." Kisha akacheka, maana magugu yalikuwepo pia, na ugomvi, na watu walioondoka. Hakunipambia.

Yeye ndiye aliyenikumbusha kwamba mwaka 1973 yalitokea mambo mawili. Kulikuwa na kampeni ya Mtu ni Afya: watu wanakusanyika kwenye redio, wanasikiliza kipindi, wanakizima, wanajadiliana kwao kukoje, kisha wanaamua wachimbe choo wapi na lini. Walishiriki watu karibu milioni 2. Na Novemba ya mwaka uleule ikatangazwa kwamba kuishi katika vijiji ni amri, na Operesheni ya kuwahamisha watu kwa nguvu ikafuata. Kufikia 1977 ilihesabiwa kwamba watu kama milioni 13 wako kwenye vijiji hivyo. Mzee aliona nyumba ya mjomba wake ikibomolewa ili asipate pa kurudi. "Serikali moja, mwaka mmoja," akasema. "Huku tuliulizwa, huku tulihesabiwa." Sijui kama alijua amenisema mimi. Nadhani alijua.

Basi Alhamisi. Niliomba kikundi tusifungue sanduku kwanza. Niliwaambia kwamba mimi ndiye niliyewataka waifuate katiba, na nilifanya hivyo kwa sababu nilikuwa na haraka. Sikuwa nimepanga maneno. Baada ya hapo kukawa kimya, kimya cha watu ishirini na saba ndani ya ghala la zamani la chama cha msingi, mvua inapiga bati. Mkono ulinienda kwenye kishikwambi wenyewe, kama mvuta sigara. Nikaurudisha.

Fundi seremala mmoja akasimama akasema yeye ana kazi za watu, kama hakuna hisa anaondoka. Akaondoka kweli. Sikumlaumu.

Kisha mwekahazina, dada mkali ambaye sijawahi kumwona akipepesa macho mbele ya fedha, akasema yeye ndiye aliyeisukuma ile baiskeli mpaka barabarani, na mnyororo ulikuwa unalia njia nzima, na tangu siku ile akisikia baiskeli inalia anageuka. Mwingine akasema aliogopa hisa zake, ana mtoto kidato cha tatu. Mwingine akasema tusisahau kwamba deni ni deni. Hilo nalo ni kweli, na nilifurahi limesemwa kwa sauti badala ya kunong'onwa njiani. Mwenye ufunguo wa tatu akauliza swali ambalo ningependa kuulizwa kila kikao: ni nani hapa leo hayupo, na nani kati yetu amekwenda kumwona? Wiki hii hawakuwepo watatu. Mmoja anajulikana, amejifungua. Wawili hakuna aliyejua. Wakapangwa watu wa kwenda kabla giza halijaingia, bila daftari la faini.

Mama wa watu alikuja kikao kikiwa katikati. Alikaa nyuma, karibu na mlango, amejifunga kanga nyeusi. Mwenyekiti akaanza hotuba ndefu ya kuomba radhi kwa niaba ya kikundi, yenye mistari ya Biblia. Alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Nimesikia. Mimi naomba baiskeli yangu." Hakusema zaidi. Walimpa laki moja ya msiba kwa fedha za mifukoni walizokuja nazo, sanduku lije liwarudishie. Akaihesabu, akatia sahihi, akaifunga kwenye pindo la kanga. Hakunitazama hata mara moja, na alipotoka alimpa mkono kila aliyekaa kwenye benchi isipokuwa mimi.

Tulipeleleza baiskeli iko wapi. Iko kwa fundi baiskeli wa kijiji cha pili, amebadilisha rimu na kupaka rangi, na sasa anataka 150,000. Kikundi kimekubaliana kila mtu atoe 4,000 nje ya hisa. Yule seremala, nimeambiwa, ametuma 5,000 kupitia mtoto wake. Kinachopungua nitakitoa mimi. Mikopo ya mbolea nayo itarejeshwa Julai, baada ya mavuno. Hilo walilipitisha kwa dakika mbili na kila mtu akashangaa kwa nini halikupitishwa siku zote.

Jana nilijaza fomu. Hisa zilizonunuliwa: sifuri. Mikopo iliyotolewa: sifuri. Ilinikatalia, ikaandika kwa rangi nyekundu kwamba kikao kisicho na hisa si kikao. Chini kabisa kuna kisanduku cha Maoni Mengineyo, herufi mia moja na ishirini, ambacho kwa miaka yote nimekuwa nikiweka nukta ili kinipitishe. Niliandika nikafuta mara nne. Mwishowe nikaacha hivi: "Hatukufungua sanduku. Baiskeli ya mwanachama bado iko kwa fundi."

Keshokutwa asubuhi naondoka na mwekahazina kwenda kwa huyo fundi. Amesema atakuja na mpira wa tairi, wa kufungia kile kiti cha nyuma.