Jinsi nilivyoitafuta Élisabethville ya babu yangu katika vitabu

Babu yangu alikuja Élisabethville, mji ambao leo unaitwa Lubumbashi, kutoka upande wa Kabinda akiwa kijana, akapika katika nyumba za Wazungu mpaka nguvu zilipomwishia. Alifariki kabla sijapata akili ya kumuuliza maswali, na baba yangu, aliyezaliwa katika boyeri, yaani vyumba vya watumishi nyuma ya nyumba ya bwana, hakupenda kuzungumzia miaka ile. Nilipotaka kujua maisha ya mtu huyo yalikuwaje, njia iliyobaki ilikuwa ya vitabu. Naeleza hapa namna nilivyovisoma, kwa kuwa wako wengi hapa Lubumbashi wenye babu kama wangu ambao wanadhani kwamba historia iliyoandikwa haiwahusu.

Nilianza na vitabu vya Kifaransa nilivyoweza kuazima hapa mjini. Vilinipa mambo ya lazima: Union Minière du Haut-Katanga, kampuni ya migodi ya shaba, iliundwa mwaka 1906, reli iliyotoka kusini ilifika hapa mwaka 1910, na mwaka huohuo mji ukaanzishwa na kupewa jina la Malkia Elisabeth wa Ubelgiji, shaba ya kwanza ikayeyushwa mwaka 1911. Vilinifundisha pia kwamba mji uligawanywa, Wazungu kwao na Waafrika kwao, na katikati ukaachwa ukanda usiojengwa, kwa hoja ya kuwakinga Wazungu na malaria. Tangu niliposoma hayo, siwezi tena kutoka katikati ya mji kwenda Kamalondo, mtaa wa zamani wa Waafrika, bila kuwaza ni wapi ukanda huo ulipita. Lakini katika kurasa hizo wanaotenda mambo ni kampuni, magavana na wahandisi. Wafanyakazi wa migodini wanatajwa kwa hesabu zao, na mpishi hatajwi kabisa.

Sababu yake niliielewa nilipofikia kazi za Donatien Dibwe dia Mwembu, mwanahistoria wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi, ambaye ameandika kwa kirefu juu ya hali ya maisha ya wafanyakazi wa Union Minière na wa Gécamines, kampuni ya serikali iliyoirithi. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1920 kampuni iliamua kuwaweka watu wake kazini kwa mikataba ya miaka mitatu, ikawajengea kambi, ikaruhusu wake na watoto wakae nao, ikagawa posho na kufungua zahanati na shule. Kila jambo la namna hiyo liliandikwa, na lililoandikwa ndilo mwanahistoria anaweza kulitumia leo. Boyi wa nyumbani hakuwa na kambi wala daftari la kampuni. Mshahara wake, malazi yake na hata kufukuzwa kwake vilitoka katika kinywa cha bwana mmoja, na bwana huyo aliporudi Ulaya hakuacha karatasi nyuma.

Aliyenifungulia njia ni André Yav. Mwaka 1965, kwa niaba ya chama cha watu waliowahi kuwa watumishi wa nyumbani, aliandika historia ya mji wa Élisabethville tangu mwanzo wake, na akaiandika kwa Kiswahili chetu cha hapa. Maandishi hayo yalichapwa kwa taipureta, na yangeweza kupotea kama yalivyopotea mengi. Johannes Fabian, mwanaanthropolojia aliyefundisha hapa Lubumbashi mwanzoni mwa miaka ya 1970, aliyatoa katika kitabu mwaka 1990, pamoja na tafsiri ya Kiingereza na maelezo, na leo matini yenyewe inasomwa bure kwenye intaneti. Nilipoiona mara ya kwanza nilifurahi mno, kwa sababu hapa mtumishi hakuhojiwa na mtu mwingine, ameshika kalamu mwenyewe na kuamua jambo gani lianze na lipi lifuate.

Hata hivyo si rahisi kuisoma. Maneno yameungana mahali ambapo tungeyatenga na kukatwa mahali ambapo tungeyaunganisha, na nukta na mkato havifuati kanuni unayoweza kuitegemea. Fabian anaeleza kwamba yeye pia alihitaji sauti: Kalundi Mango, msemaji wa Kiswahili cha hapa, aliyasoma maandishi yote kwa sauti, na usomaji huo ukawa msingi wa kuyaelewa. Nikafuata njia hiyo. Nilichapisha kurasa kadhaa, nikaenda mtaa wa Katuba kwa mama mzee ambaye baba yake alikuwa dobi katika nyumba ya Mzungu, nikamwomba anisikilize.

«Kambo, nitasoma, unisimamishe mahali usiposikia vizuri,» nilimwambia. Kambo ndivyo tunavyomwita bibi au babu.

«Soma polepole, mwana. Haraka ni ya nini?»

Sentensi niliyokuwa nimeitazama jana yake bila kuipata, ilipopita mdomoni ilijipanga yenyewe, na nilipokosea pumzi yeye alinisahihisha kabla sijamaliza. Kisha akaanza kuongeza yake. Tulipofika kwenye habari za mishahara ya maboyi alinyamaza kidogo, akasema: «Rudilia pale.» Nikarudia. Akanieleza kwamba baba yake hakuthubutu kubaki mjini usiku bila karatasi yenye sahihi ya bwana, na kwamba karatasi hiyo aliikunja mara nne na kuiweka ndani ya kofia, si mfukoni, kwa sababu shati alilovaa kazini lilikuwa mali ya nyumba na lilibaki kule. Habari kama hiyo sijaikuta katika kitabu chochote. Ndiyo iliyonifanya nimwone babu yangu akitembea kurudi cité, mtaa wa Waafrika, jioni.

Tangu siku hizo nimekuwa na kaye, yaani daftari, moja kwa kila kitabu, na kila ninaponakili habari naandika kando yake nani anasema, alijuaje, na alisema mwaka gani. Yav aliandika mwaka 1965, miaka mitano baada ya uhuru na miwili baada ya Katanga, iliyokuwa imejitenga, kurudishwa chini ya serikali ya Kongo. Yaliyompata babu yangu katika miaka ya 1930 anayatazama kutokea hapo, na msomaji akisahau tarehe hiyo hatamtendea haki.

Faida ya desturi hiyo niliiona zaidi nilipofika kwenye kifo cha Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo, jambo ambalo hapa kwetu bado linazungumzwa kwa sauti ya chini. Ludo De Witte, mtafiti wa Kibelgiji, alichapisha kitabu chake mwaka 1999 kutokana na nyaraka za Ubelgiji na za Umoja wa Mataifa, na baada yake bunge la Ubelgiji likaunda tume ya uchunguzi. Humo unafuata tarehe 17 Januari 1961 karibu saa kwa saa: ndege kutua uwanja wa Luano, Lumumba na wenzake wawili, Mpolo na Okito, kupelekwa katika nyumba ya Brouwez, kisha usiku kupigwa risasi porini mbele ya viongozi wa Katanga na maofisa wa Kibelgiji. Pembeni yake niliweka kitabu cha mchoraji Tshibumba Kanda Matulu, ambaye mwaka 1973 na 1974 alimchorea Fabian historia ya nchi katika picha zipatazo mia moja na kumsimulia kila moja. Katika picha yake ya kifo hicho, nyuma ya maiti tatu kuna misalaba mitatu, kwani kwake Lumumba alikuwa kama Bwana Yesu. Hakuna hati inayotaja misalaba. Lakini sikuifuta katika kaye yangu: niliandika kwamba hivi ndivyo mtu wa Katanga alivyoweza kukibeba kifo hicho miaka 12 baadaye, chini ya Mobutu, na hilo nalo ni tukio lililotokea. De Witte alinieleza usiku ule. Tshibumba alinieleza kwa nini baba yangu alizima redio kila jina hilo lilipotajwa.

Sasa niko kwenye mgomo wa Desemba 1941, wafanyakazi wa Union Minière walipodai nyongeza ya mishahara kwa kuwa vita vilikuwa vimepandisha bei, na tarehe 9 askari wakawafyatulia risasi waliokusanyika uwanja wa mpira. Léonard Mpoyi, aliyesema kwa niaba yao, ni mmoja wa waliouawa. Idadi ya wafu iliyotolewa na serikali ya kikoloni ni ndogo kuliko ile wanayoitaja wazee, na watafiti nao hawajakubaliana. Katika kaye nimeandika kila idadi na jina la aliyeitoa, na nimeacha kurasa tupu baada yake, kwa sababu Kambo wa Katuba ameniahidi kunipeleka kwa jirani yake ambaye baba yake alikuwa uwanjani siku ile.