Watoto Watano wa Simsim

Simsim ni mbwa jike wa aina ya Shar Pei, wa rangi ya mchanga, mwenye uzito wa kilo 20 na mikunjo mizito kwenye paji la uso na mabegani. Nilipoamua kumpandisha, hapa Nairobi, kila aliyemfahamu alitaka kujua atazaa watoto wangapi. Aina hii kwa kawaida huzaa wanne hadi sita kwa uzao mmoja, na wengi waliniambia nitafute dume mwenye nguvu ili wawe wengi. Mayai, hata hivyo, ni ya jike. Dume akiwa mzima, jambo kubwa linalobaki ni kumpandisha jike siku inayofaa. Kwa hiyo nilimpeleka kwa daktari wa mifugo apimwe damu mara kadhaa, ili tujue kiwango cha projesteroni, homoni inayopanda yai linapokaribia kutoka, na vipimo hivyo ndivyo vilivyonipa siku ya kuanzia kuhesabu. Mbegu za dume huweza kuishi ndani ya jike kwa siku kadhaa, na ndiyo maana anayehesabu tangu siku ya kupandisha anaweza kukosea sana, ilhali tangu yai litoke hadi kuzaa ni takriban siku 63.

Siku ya 28 altrasaundi ilionyesha mioyo midogo ikipiga, lakini daktari alikataa kutaja idadi, kwa kuwa kipimo hicho hakiaminiki kwa kuhesabia. Sikumwongezea chakula hadi wiki za mwisho, ambapo tumbo lilimbana akawa anakula kidogo kidogo mara nne kwa siku. Rafiki mmoja alinihimiza nimpe vidonge vya kalsiamu. Daktari alinikataza kabisa: jike anayepewa kalsiamu nyingi wakati wa mimba, mwili wake huzembea kuitoa mifupani, na maziwa yanapoihitaji kwa wingi baada ya kuzaa, anaweza kushikwa na degedege.

Siku ya 57 tulipiga eksirei. Daktari alipita juu ya picha kwa ncha ya kalamu, akahesabu mafuvu, kisha akarudia kwa kuhesabu nyuti za mgongo, na mara zote mbili akapata watano. Niliiandika namba hiyo kwenye karatasi, nikaibandika ukutani juu ya sanduku la kuzalia.

Katika wiki ya mwisho nilimpima joto mara tatu kwa siku. Lilikuwa likicheza karibu na 38, na asubuhi ya siku ya 62 likashuka hadi 36.9, nami nikajua kwamba uchungu hauko mbali. Ilikuwa Julai, na baridi ya usiku ilinitia hofu kuliko kitu kingine, kwa sababu mtoto wa mbwa aliyezaliwa karibuni hawezi hata kutetemeka ili ajipashe joto. Nilizifunga chupa za maji ya moto kwa taulo, nikazipanga upande mmoja tu wa sanduku ili mama apate pa kupumulia.

Wanne walizaliwa kati ya saa nne na saa saba usiku, nami nikampangusa Simsim mikunjo ya uso kila alipomaliza kuwalamba. Kisha akajilaza, akawanyonyesha, akafumba macho. Kama si ile karatasi, ningezima taa nikalale. Saa mbili zilipopita bila dalili ya mwingine nilimpigia daktari simu, na alfajiri ikamkuta Simsim mezani akifanyiwa upasuaji. Mtoto wa tano alikuwa amelala kikingama. Alitolewa hai, akiwa na gramu 310, mdogo kuliko wenzake wote, na kwa siku kumi nilimpima asubuhi na jioni kwenye mizani ya jikoni, hadi alipofika gramu 600.

Walipofumbua macho, kope za watatu kati yao zilianza kujikunja kwa ndani na nywele kukwaruza jicho, maradhi yanayowasumbua sana Shar Pei. Daktari alizishikiza kwa nyuzi za muda, na macho yote yakapona. Kasoro hiyo hurithiwa. Wanaowachukua watoto hao niliwaeleza yote waziwazi, na Simsim mwenyewe nilimfungisha kizazi mwezi Desemba.