Programu za Zamani Zilizojengwa juu ya Kivinjari na Maktaba Zake za Pamoja

Programu ya zamani ya kompyuta iliyojengwa juu ya injini ya kivinjari inapokataa kufunguka, mara nyingi yenyewe huwa nzima kabisa. Kilichokosekana ni faili moja ya maktaba, yaani msimbo uliotayarishwa ili utumiwe na programu nyingine, aghalabu libxul.so kwenye Linux au xul.dll kwenye Windows, na ujumbe unaotokea hutaja jina la faili hiyo bila kusema ni ya toleo lipi. Hapo ndipo wengi hukimbilia kutafuta faili yenye jina hilo mtandaoni, wakaipakua na kuitumbukiza kwenye folda ya mfumo. Kwa maoni yangu hakuna hatua mbaya kuliko hiyo, na sababu yake iko katika jinsi maktaba hizi zilivyotengenezwa tangu awali.

Wazo la Mozilla, watengenezaji wa kivinjari cha Firefox, lilikuwa zuri. Kivinjari tayari kinajua kuchora madirisha na vitufe, kusoma HTML, kuendesha JavaScript, kuwasiliana na seva na kulinda mawasiliano hayo kwa usimbaji fiche, kwa hiyo hapakuwa na haja ya kila msanidi kuyaandika hayo upya. Kifurushi chao cha XULRunner, ambacho libxul ndiyo moyo wake, kilitoa injini hiyo bila kivinjari chenyewe: msanidi aliandika sura ya programu yake kwa lugha ya XUL, mantiki yake kwa JavaScript, kisha akaongeza faili fupi ya application.ini iliyotaja jina la programu pamoja na matoleo ya injini yanayokubalika, la chini kwa MinVersion na la juu kwa MaxVersion. Songbird, iliyokuwa ya kuchezea muziki, na Zotero, ya kutunzia marejeo ya utafiti, zilisimama juu ya msingi huo. Ubuntu 8.04 ya mwaka 2008 ilikwenda mbali zaidi na kuiweka hata Firefox 3 juu ya kifurushi cha xulrunner-1.9, ili programu kadhaa zitumie injini moja iliyomo kwenye diski. Faida yake ilikuwa ya kweli: msimbo wa maktaba ya pamoja hupakiwa mara moja kwenye kumbukumbu hata kama programu tatu zinautumia, na kiraka kimoja cha usalama huziponya zote kwa pamoja.

Ukitaka kuiona familia nzima, fungua kwa kihariri cha kawaida faili iitwayo dependentlibs.list ndani ya folda ya programu ya aina hii. Utakuta orodha fupi ya majina, moja kwa kila mstari, na libxul.so ikiwa karibu na mwisho. Mpangilio huo una maana yake, kwa kuwa maktaba inayotegemewa hutangulia ile inayoitegemea. Juu yake utaona libnspr4.so, inayoshughulikia mambo ya msingi kama nyuzi za utekelezaji na soketi, na jamaa za NSS kama libnss3.so na libssl3.so, zinazoshughulikia vyeti na usimbaji.

Maktaba hizo hukaa folda moja, lakini hazina tabia moja. Wasanidi wa NSPR na NSS waliahidi kwamba programu iliyounganishwa na toleo la zamani itaendelea kufanya kazi na toleo jipya la mfululizo ule ule, na ahadi hiyo wameitunza kwa miaka mingi. libxul haikuwahi kuwa na ahadi kama hiyo. Hata jina lake halina namba ya toleo, hivyo libxul.so ya mwaka 2008 na ya mwaka 2014 huitwa vivyo hivyo ingawa ndani yake ni vitu viwili tofauti. Hapo awali palikuwa na violesura vya XPCOM, mfumo wa Mozilla wa kuunganisha vijenzi vya programu, vilivyotangazwa kuwa havitabadilishwa, lakini sera hiyo iliachwa Firefox 4 ilipotoka mwaka 2011, na tangu hapo kijenzi chochote kilichoandikwa kwa C++ kilipaswa kujengwa upya kwa kila toleo kubwa. Mwaka huo huo Mozilla ilianza kutoa matoleo kila baada ya wiki sita. Hebu fikiria hali ya msanidi mmoja mwenye programu ndogo ya bure! XULRunner yenyewe ilifika toleo la 41 mwaka 2015, ikakomea hapo.

Kwa hiyo libxul.so iliyookotwa mahali fulani huweza kukataa mara moja kwa sababu ni ya biti 32 na programu ni ya biti 64, na huo ni unafuu. Baya zaidi ni pale inapokubali kupakiwa, kisha programu ikaanguka baadaye katikati ya kazi bila maelezo yoyote.

Njia ninayoiamini ni ya polepole kidogo. Kwanza, soma application.ini ujue ni toleo lipi linalotakiwa, kisha, kwenye Linux, tumia amri ya ldd kuona ni maktaba zipi hazikupatikana na amri ya file kuthibitisha ni za biti ngapi. Chukua kifurushi kizima cha XULRunner cha toleo hilo kutoka kwenye hifadhi ya Mozilla yenyewe, ukiweke katika folda ndogo iitwayo xulrunner ndani ya folda ya programu, bila kugusa folda za mfumo. Ikibidi kutumia LD_LIBRARY_PATH, mpangilio unaoiambia Linux itafute maktaba katika folda zipi, iandike ndani ya hati ya kufungulia programu hiyo peke yake. Ukiiweka kwa kipindi chako chote cha kazi, programu nyingine zisizohusika zitaokota libnss3.so ya zamani, na matatizo ya vyeti yatakayofuata yatakupotezea siku nzima.

Injini iliyofufuliwa hivyo haipati tena viraka, kwa hiyo mimi huiruhusu kusoma data iliyomo kwenye diski tu, nikiizuia kabisa kufika kwenye intaneti hadi data hiyo ihamishiwe katika programu inayotunzwa.