Kamba wa Mto Murray na mguu wangu wa Naivasha

Baba yangu alikuwa na namna moja tu ya kushughulika na kamba wa maji baridi, yule mdudu wa gamba na magando, aliyenasa wavuni: alimtupa sakafuni mwa mashua akamkanyaga kwa kisigino. Hakuwa mtu mkatili. Kwetu Naivasha, Kenya, kamba hao waliingia kwenye nyavu usiku, wakawala ngege walionasa hadi wakabaki vichwa na miiba, kisha wakajisokota kwenye nyuzi kiasi kwamba kuwatoa bila kukata wavu ilikuwa kazi ya asubuhi nzima. Nilipopata umri wa kushika kasia, nami nilikanyaga. Sauti ya gamba lile likipasuka naijua hadi leo.

Mguu huo ndio niliokwenda nao Mto Murray, Julai 2019.

Nilikuwa na miezi saba tu Australia, katika mji wa Albury, upande wa New South Wales. Ukivuka daraja uko Wodonga, jimbo la Victoria. Usiku nilifanya zamu katika nyumba ya kutunzia wazee. Jumapili nilikwenda kwenye ibada ya Kiswahili, maana Wakongomani wamehamia kule kwa wingi, na baada ya ibada tulikula pamoja. Jirani yangu alikuwa mzee aliyestaafu udereva wa treni. Siku moja aliniuliza, akiwa ameegemea ua, kama nimewahi kuvua. Nikamwambia mimi ni mtoto wa mvuvi. Alifurahi kama aliyeletewa habari ya harusi. "Basi Jumamosi twende tukatafute kamba," akasema.

Nilishangaa. Kwetu hakuna aliyeamka alfajiri kwenda kumtafuta kamba.

Alisisitiza nikate leseni. Mto wenyewe, ingawa ndio mpaka, ni mali ya New South Wales hadi ukingo wa kusini, kwa hiyo leseni inayotakiwa ni ya huko hata ukiwa umesimama upande wa Victoria. Yeye alikuwa na kadi ya pensheni, halipi. Mimi nililipa ya mwezi mmoja kwa simu, huku nimenuna. Nilikuwa na kidonda changu kuhusu sheria za uvuvi. Mwaka 2001, samaki walipokuwa wamepungua mno, Ziwa Naivasha lilifungwa kwa mwaka mzima. Nilikuwa bado shule ya msingi. Nakumbuka mashua ya baba ikiwa imepinduliwa juu ya mawe, nyasi zikiota pembeni yake, na mama akikopa unga kwa jirani aliyekuwa akifanya kazi kwenye shamba la maua. Kwangu sheria ya uvuvi ilikuwa na sura ya mashua ile.

Basi Jumamosi, kabla jua halijachomoza, tulishuka kwenye kona moja ya mto kuelekea Howlong. Nyasi zilikuwa zimeganda, zinalia chini ya buti. Mvuke ulipanda kutoka majini kama sufuria iliyofunuliwa. Wakati wa baridi mto huwa mdogo pale, kwa kuwa Bwawa la Hume huzuia maji yakawangoje wakulima majira ya joto, na mizizi ya mikaratusi mikubwa ya ukingoni ilikuwa wazi, mieusi, imepindana.

Nilikuwa nimebeba mtego wangu mwenyewe, nimeununua kwa bei ya kutupa kutoka kwa mtu wa Wodonga: kile kisanduku cha wavu chenye mdomo wa kuingilia pande mbili, kinachofanana na paa la jumba la opera la Sydney, na kwa hilo kikapata jina. Mzee alipouona alibadilika uso. Hakunikemea. Aliurudisha ndani ya gari, akafunga mlango, kisha akanieleza kwamba platipasi, mnyama wa mtoni mwenye mdomo kama wa bata, huingia humo kufuata chambo, na kwa kuwa anapumua hewa kama mimi na yeye, asipopata njia ya kutoka hufa maji kwa dakika chache. Panya wa majini na kasa vilevile. Mwezi huohuo Victoria ilikuwa imeipiga marufuku mitego hiyo. New South Wales ilifuata mwaka 2021. Mimi niliutia ule wangu kwenye pipa la taka jioni hiyohiyo, baada ya kuukatakata kwa kisu.

Tulitumia nyavu zake, pete za chuma zenye wavu uliolegea kama kikapu, moyo wa ng'ombe umefungwa katikati. Unauzamisha, unangoja kama robo saa, halafu unauvuta kwa mkupuo mmoja bila kusita, maana ukisita tu kamba huruka nje. Nyavu tano kwa kila mtu, si zaidi.

Wavu wa kwanza niliuvuta mimi. Nilipouweka chini, kitu kikubwa kilijirusha kutoka kwenye pete, kikaanguka juu ya jani la mkaratusi karibu na kidole changu cha mguu, kikainua magando mawili meupe.

Mguu wangu uliinuka wenyewe.

Mzee alinishika mkono wa koti, akavuta kwa nguvu ambayo sikumdhania. Tukabaki hivyo, mimi kwa mguu mmoja, yeye ameng'ang'ania koti, na kamba katikati yetu. "Hapana, kijana," akasema taratibu. "Huyu pengine ana miaka kumi."

Nikashusha mguu. Akachuchumaa, akamwinua kwa vidole viwili nyuma ya magando, akamleta mbele ya macho yangu. Sijawahi kumtazama kamba hivyo kabla ya siku ile. Mwili ulikuwa kijani cha giza, kama chupa ya zamani. Mkiani kulikuwa na safu za miiba myeupe iliyochongoka kama ya mchongoma. Magando hayakuwa meupe kabisa. Yalikuwa na weupe wa jino la mtu mzima, na kwenye kingo zake za ndani vinundu vidogo vilivyosagika kwa kazi. Halafu nikaona juu ya gamba vitu vinatambaa: vijidudu vyeupe, laini, vyenye ncha kama vidole vidogo vinavyopunga. Nikasema huyu ni mgonjwa. Mzee akatikisa kichwa. Ni minyoo inayoishi juu ya kamba hawa, akasema, haiwadhuru, inapanda tu gari. Baadaye nilisoma kwamba aina nyingi za kamba wa Australia, nao wako zaidi ya aina 100, zina wapangaji wa namna hiyo, na baadhi ya minyoo hiyo haipatikani popote pengine. Kamba akiisha, naye mpangaji ameisha.

Akatoa rula. Kipimo hakianzii puani wala hakiishii mkiani: ni kuanzia nyuma ya tundu la jicho hadi mwisho wa gamba la kichwa. Chini ya sentimita 10, anarudi. Zaidi ya 12, anarudi pia. Wa kwanza wetu alikuwa 9 na nusu.

Hilo la wakubwa kurudi halikuniingia. Kwetu mkubwa ndiye unayemwombea Mungu. Lakini mzee alisema jike hukawia miaka minane au kumi kabla hajabeba mayai yake ya kwanza, na aliye mkubwa zaidi hubeba mengi zaidi, hivyo ukimla mama mkubwa umekula na kundi lililo nyuma yake. Wawili tu kwa siku kwa kila mtu, na msimu ni Juni, Julai na Agosti, basi.

Nilikuwa na sababu ya kutaka ndoo ijae. Nilikuwa nimemwahidi mama mmoja wa Uvira, aliyenilisha Jumapili zote nilipokuwa sijapata mshahara, kwamba ningemletea kamba. Mwanamke aliyekulia Ziwa Tanganyika, miaka mingi bila kitu kilichotoka majini kikiwa hai. Kwa hiyo mapigo ya moyo yalibadilika wavu wa sita au wa saba ulipoleta kamba mnene, na rula ikasema 11 kamili. Nikasogeza ndoo.

Mzee akamgeuza chali. Mkia ulikuwa umekunjwa kwa nguvu, kama mtu aliyefumba kiganja asionyeshe alichokishika. Akausubiri. Ulipolegea kidogo tukaona: mayai mamia, manene kama punje za mtama, yameshikamana kwenye vijiguu vya chini ya mkia, yanang'aa kwa maji. Huyo alikuwa ameyabeba tangu karibu Mei na angeyabeba baridi yote mpaka watoto watoke majira ya maua. Vijiguu vile vilikuwa vikipepea. Nje ya mto, mikononi mwa mtu, bado alikuwa akiyapepea mayai yake.

Sheria inasema jike mwenye mayai anarudishwa, awe wa kipimo gani. Lakini pale sikuhitaji sheria, na nasema hivyo nikiwa yule yule niliyenuna kulipia leseni. Mzee hakumtupa. Alivua koti, akalala kifudifudi juu ya barafu ya nyasi, akaingiza mkono hadi begani, akamweka chini penye mizizi. Alipoinuka midomo yake ilikuwa ya buluu.

Tulipokuwa tunakunywa chai yake ya chupa ndipo aliponieleza habari ya Echuca, mji wa kando ya mto huohuo, mbali upande wa chini. Mafuriko ya 2010, baada ya ukame mrefu, yalizoa majani ya mikaratusi yaliyorundikana msituni Barmah kwa miaka. Majani yakaoza majini, oksijeni ikaisha, mto ukawa mweusi kama chai ya rangi. Kule chini ya msitu kamba walitoka majini kwa miguu yao. Walipanda kingo, wakapanda magogo, wakashikilia mizizi nje ya maji wakijaribu kupumua, na wengi walifia hapo au wakaokotwa kwa ndoo na watu. Hawa si wa kuogelea mbali; walipokwisha, maeneo yale yalibaki matupu. Mwaka 2013 New South Wales ikawaorodhesha kuwa wamo hatarini, na vipimo vikabanwa. Mzee aliyasimulia haya akiangalia kikombe, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayesimulia msiba wa ukoo.

Tulirudi na mmoja tu, dume, sentimita 10 na nusu, ndani ya gunia lenye maji. Mama wa Uvira alimpika kwa nyanya na pilipili, akamgawa watu wanane. Aliniambia nisihuzunike kwa udogo wa mboga.

Usiku nilimpigia baba. Nilimweleza yote, hata mguu ulivyoinuka. Nikamweleza pia jambo nililokuwa nimelifikiri njia nzima: kwamba bara letu halikuwahi kuwa na kamba wa namna hii wa asili, ukiacha Madagaska, na kwamba wale wetu wa Naivasha asili yao ni Louisiana, Marekani, walitiwa ziwani mwaka 1970. Baba alikuwa kijana wakati huo. Ndiye aliyenisimulia utotoni kwamba ghuba zote zilikuwa zimefunikwa na mayungiyungi ya buluu, mpaka kamba wakayala, na kufikia miaka ya mwanzo ya 1980 yalikuwa yametoweka. Kisigino chake kilikuwa kinajibu hayo. Sikumwambia alikosea, kwa sababu hakukosea. Nilimwambia tu kwamba hapa nilipo, kamba ndiye mwenyeji.

Akanyamaza hata nikadhani simu imekatika.

"Na yule mwenye mayai," akauliza, "mlimtupa au mlimweka?"

"Tulimweka, baba. Mzee alilala chini akaingiza mkono mpaka begani."

"Kwenye baridi hiyo?"

"Ndiyo."

"Nisalimie huyo mzee," akasema.