Maiki ndani ya khanga: uzoefu wangu wa kurekodi sauti na kuigiza Dar

Ushauri unaoniudhi kuliko wote kwenye kazi hii ni ule wa "wewe rekodi tu, tutasafisha wakati wa kuhariri." Honi ya bajaji ikishakalia neno la mwigizaji, ukiitoa inaondoka na neno lenyewe. Mwangwi wa sebule yenye vigae ndiyo kabisa. Sauti nzuri naipata hapo hapo lokesheni, au siipati.

Ndani ya nyumba nazima friji, feni na AC. Funguo za gari naziweka ndani ya friji, ili tusiondoke tukaacha samaki wa mwenye nyumba waharibike. Magodoro nayasimamisha nyuma ya kamera, yanyonye mwangwi. Bumu, yaani maiki ya kwenye mti mrefu, inatoka juu, sentimita 30 hadi 50 kutoka mdomoni, ikielekea kifuani. Rekoda naiweka kwenye ubora wa 48 kHz, biti 24, na kwenye mita yake maongezi yacheze kati ya -20 na -12 dB (dB ni kipimo cha ukubwa wa sauti). Kabla watu hawajatawanyika narekodi dakika moja ya ukimya wa chumba hicho hicho, mhariri azibie mapengo. Kunguru hawana dawa, unawasubiri wanyamaze.

Kinachowashinda wengi ni khanga. Maiki ndogo ya kifuani ikisuguana na kitambaa inatoa mkwaruzo unaomeza maneno. Khanga mpya ina wanga, inalia kama karatasi, kwa hiyo mtu wa mavazi aifue kabla. Kisha chukua plasta ya kitambaa ya duka la dawa, shilingi elfu chache tu, kata vipande viwili vya kama sentimita 8. Kunja kila kimoja pembetatu, gundi ikibaki nje. Maiki inalala katikati ya hizo mbili, kichwa kikichungulia. Upande mmoja unashika ngozi, wa pili unashika khanga: ngozi, maiki na kitambaa vinasogea pamoja, hakuna cha kusuguana. Ngozi ifutwe kwa spiriti kwanza, maana kwa joto letu jasho linabandua plasta mapema. Waya chini ya maiki upige kitanzi kidogo, nacho kibandikwe. Mwigizaji akiinama, kinavutika kitanzi, maiki haitikisiki.

Naijua plasta hiyo mpaka kwenye ngozi yangu, kwa kuwa huwa naitwa kuigiza: mlinzi, mgonjwa, mteja wa mama ntilie. Siku hizo geini, yaani kiwango cha sauti kinachoingia kwenye rekoda, naipanga kwenye mazoezi, nikisema maneno yangu kwa nguvu ile ile ya teki (kurekodi kwenyewe). Kama rekoda inaruhusu, nawasha nakala ya akiba iliyo chini kwa 10 dB, iokoe pale mtu atakapopayuka. Hedifoni anavaa msaidizi, na dairekta amruhusu mapema, mbele ya wote, kusimamisha teki akisikia mkwaruzo. Bila ruhusa hiyo atanyamaza tu. Na malipo ya kuigiza yaandikwe kando na ya sauti, kabla hujavaa nguo za mhusika.