Mdudu asiye na jina

Tangu Jumapili neno la Bi Mkubwa limenikaa kooni kama mwiba wa perege.

Nilikuwa Mbagala, namsomea ile hadithi yangu ya konda wa Gongo la Mboto. Fangasi inamwingia puani, siku ya tisa anashuka kwenye gari katikati ya foleni ya Buguruni, anapanda nguzo ya bango, anang'ata ukingo wake, haachii. Nimeitoa kwa sisimizi wa kweli: iko fangasi ya msituni inayompandisha kwenye mmea, kama sentimita 25 kutoka chini, anauma mshipa wa jani na kufia papo hapo, kisha kikonyo kinamchipua kisogoni. Bi Mkubwa anachambua mchele, hainui uso.

"Huyo mdudu anaitwa nani?"

"Hana jina, mama."

"Anataka nini?"

"Hataki kitu. Anamtumia tu."

"Sasa mtamtoaje?"

"Hatoki. Ndiyo utamu wake."

Akapeta mchele. "Mwanangu, hiyo si hadithi. Huo msiba."

Pale nilicheka. Hasira zilinikuta kwenye daladala.

Wiki nzima namjibu peke yangu. Kwa mama, mtu aliyepandisha pepo ni kiti tu. Aliyekikalia ana jina, Rubamba au Ruhani, ana kwao, anadai pete au kitambaa, na atafukiziwa ubani mpaka aseme. Hata Sungura alimnasa Simba hivyohivyo: "Nyumba, hujambo?" Kimya. "Mbona leo huitikii?" Na lile jitu lililojificha ndani likaitika! Aliyemo akishafungua mdomo, umemweza.

Huyu mdudu wangu asiyetaka kitu, utamwita vipi?

Alhamisi usiku nikakumbuka jambo. Mwaka 2017 watafiti walimchungulia sisimizi yule kwa ndani: fangasi imejaa mwilini, imezonga misuli, lakini ubongo haikuuingia. Nikakaa kitandani. Kumbe konda wangu bado yumo! Ukimsalimu, anayetaka kuitika ni yeye mwenyewe, ila taya si lake tena. Hasira ziliishia hapo. Nimefuta kurasa nne, naanza upya na mama yake, amesimama chini ya bango, anamwita jina la nyumbani.

Bi Mkubwa sijamwambia. Atasema wazo ni lake. (Ni lake.)